Chombo, Lango, Dirisha au Kumbukumbu: Mhusika Wako Ataifikiaje Karne Nyingine?

Mwandishi anayetaka kumpeleka mhusika wake katika zama nyingine hukwama mapema. Mhusika yupo, kiu yake inajulikana, karne anayoiendea imeshachaguliwa. Kinachokosekana ni njia. Basi anachukua kifaa cha kwanza kinachomjia akilini, kwa kawaida mashine yenye vitufe na taa, na akifika sura ya nne anagundua kwamba kifaa chake kina uwezo kupita kiasi. Kila balaa analomwekea mhusika linaepukika kwa kurudi nyuma saa moja. Riwaya yangu ya kwanza niliiacha kwa sababu hiyo hasa. Ilikuwa na kurasa mia moja na ishirini, na katika kurasa zote hizo hapakuwa na jambo hata moja ambalo mhusika wangu angeweza kulipoteza moja kwa moja.

Tangu hapo nachagua teknolojia ya kuifikia historia kwa kuuliza kwanza inamnyima mhusika nini. Inachompa nakiangalia baadaye. Ndiyo jicho nililolitumia kulinganisha njia nne ambazo waandishi wa bunilizi za kisayansi huzunguka humo: chombo kinachobeba mwili, lango lisilohama linalounganisha nyakati mbili, dirisha la kutazama bila kugusa, na kumbukumbu ya mtu wa kale inayofunguka ndani ya mtu wa leo.

Vigezo

Kila njia nimeipima kwa mambo matano. La kwanza ni uhuru: mhusika anaweza kutenda nini akifika? La pili ni kizuizi: kifaa chenyewe kinakataa nini, bila mwandishi kukilazimisha? La tatu ni mzigo wa utafiti, maana kuna njia zinazokudai ujue bei ya viatu na nyingine zinazokudai ujue hofu za mtu usiku. La nne ni kitendawili, yaani sababu na matokeo yanapogongana. La tano ni sayansi: nadharia halisi inakusindikiza mpaka wapi kabla hujaanza kutembea peke yako?

Ili ulinganisho uwe wa haki, njia zote nne nitazipitisha katika safari moja. Mwaka 1324 Mansa Musa, mfalme wa Mali, alipita Kairo akielekea hija Makka. Miaka michache baadaye mwandishi al-Umari aliwakuta watu wa mji ule bado wanasimulia dhahabu aliyoigawa, hata thamani ya dhahabu ikashuka. Afisa aliyekuwa amempokea mgeni huyo alimsimulia pia tukio moja la kwenye baraza la Sultani al-Nasir Muhammad. Mansa Musa aliambiwa abusu ardhi mbele ya Sultani, akakataa waziwazi. Kisha mtu mmoja mwenye busara aliyekuwa upande wake akamnong'oneza neno ambalo wenyeji hawakulielewa. Hapo Musa akasema anamsujudia Mungu aliyemuumba, akasujudu, akasonga mbele.

Hakuna hati niijuayo iliyoandika neno lile. Mhusika wetu anataka kulisikia.

Chombo

*Uhuru.* Chombo kinatoa uhuru mkubwa kuliko njia zote. Mhusika anafika na mwili wake: anaona njaa, anapenda, anaiba, anajeruhiwa. Anaweza kuingia Kairo kama mfanyabiashara, akatafuta kazi katika nyumba ya ofisa na kusogea hatua kwa hatua mpaka barazani. Kama kiini cha hadithi yako ni mtu anayetenda, hakuna kifaa kinachompa nafasi pana kama hiki.

*Kizuizi.* Hapa ndipo penye shida. Chombo hakina kizuizi cha asili, lazima ukibuni mwenyewe na ukitangaze mapema. Kiwe kinahitaji siku arobaini kupoa, au kiwe hakimfikishi mtu mahali alipokwisha kufika. Chagua kimoja tu na usikivunje hata pale kinapokuumiza. Mhusika aliyekosa kuusikia mnong'ono akiweza kurudi asubuhi yake akasimame karibu zaidi, msomaji ataacha kumhofia.

Lakini ipo hazina ambayo waandishi wengi huipita bila kuiona, nayo ni anwani. Dunia inalizunguka jua kwa kasi ya takribani kilomita 30 kwa sekunde. Chombo kinachohama katika muda peke yake, kikirudi dakika moja tu nyuma, kitakuta dunia iko umbali wa kilomita 1,800 hivi. Kwa hiyo ni lazima uamue kwamba kitu fulani kinakishikilia chombo kwenye ardhi, mvutano wa dunia kwa mfano, na uamuzi huo peke yake unaweza kukuzalia sheria nzuri: kinatua pale kilipoondokea tu, au kinakataa kuondoka baharini.

Kalenda nayo ina mitego yake. Mwaka 1582, katika nchi zilizopokea kalenda ya Gregori, tarehe 4 Oktoba ilifuatwa na 15 Oktoba. Uingereza ilifanya hivyo mwaka 1752 na Urusi mwaka 1918. Karne ya 14 kalenda ya zamani na hii ya sasa zilitofautiana kwa siku 8, na Kairo yenyewe ilihesabu mwaka 724 wa Hijria. Kosa la siku 8 linatosha kumkosesha mhusika msafara mzima. Kosa la miaka 24 linamshusha mwaka 1348, tauni ikiwa mjini.

*Utafiti.* Mzito kuliko wote. Mavazi, fedha, vipimo, salamu, nani anapisha nani njiani, lugha ya sokoni na lugha ya ngomeni, maana Mamluki, watawala wa Misri wa zama hizo, walikuwa na Kituruki chao ilhali mji ulizungumza Kiarabu. Magonjwa usiyasahau. Ndui ilitangazwa kutokomezwa duniani mwaka 1980 na chanjo yake ya kawaida ikakoma, kwa hiyo kijana wa leo anaingia karne ya 14 bila kinga yoyote dhidi yake. Naye anaweza kubeba cha kwake: watu wa mabara ya Amerika waliteketea kwa maradhi yaliyovuka bahari baada ya mwaka 1492. Mwandishi anayemtuma mhusika kwa chombo bila kufikiria mapafu yake amemtuma nusu.

*Kitendawili.* Ni kile cha babu: ukimuua babu yako kabla hajazaa, nani alikwenda kumuua? Majibu ni matatu na lazima ushike moja. Ama historia ni moja wala haivunjiki, na kila alichokifanya msafiri kilikuwa tayari ndani yake, msimamo unaofanana na kanuni ya mwanafizikia Igor Novikov. Ama inabadilika, na msafiri akirudi anakuta nyumba yake si yake. Ama kila badiliko linazaa tawi jipya la ulimwengu, wazo lililo jirani na tafsiri ya malimwengu mengi ya mwanafizikia Hugh Everett ya mwaka 1957. La tatu ndilo jepesi kwa mwandishi, na kwa maoni yangu ndilo linaloilegeza hadithi kuliko yote, kwani aliyekufa huku anaishi kule na huzuni inakosa pa kukaa.

*Sayansi.* Kwenda mbele kumethibitika. Nadharia za uhusianifu za Albert Einstein za mwaka 1905 na 1915 zinasema muda hauendi kasi moja kwa wote, na mwaka 1971 Joseph Hafele na Richard Keating walizungusha saa za atomiki duniani kwa ndege za abiria, wakakuta tofauti ndogo kama nadharia ilivyotabiri. Saa za setilaiti za GPS hutangulia za ardhini kwa takribani mikrosekunde 38 kila siku, nazo husahihishwa. Kurudi nyuma ni habari nyingine. Mwaka 1949 Kurt Gödel alionyesha kwamba hesabu za Einstein zinaruhusu ulimwengu unaozunguka ambamo njia hujipinda na kurudi katika jana yake, ila ulimwengu wetu hauonekani kuwa wa namna hiyo. Stephen Hawking aliandaa karamu ya wasafiri wa wakati tarehe 28 Juni 2009, akatoa mialiko baada ya karamu kwisha. Hakuja mtu.

*Kinamfaa nani.* Mwandishi wa riwaya ndefu ya matukio, apendaye utafiti na mwenye nidhamu ya kujiwekea sheria.

Lango

Lango ni mlango wenye pande mbili: huku leo, kule wakati fulani maalumu. Halichagui mwaka, wala halihami.

*Kizuizi.* Naanza na hiki kwa sababu ndicho fahari yake. Pande zote mbili muda unakwenda sambamba. Ukikaa kule siku tatu, huku nako zimepita tatu. Lililofanyika kule jana huwezi kulirudia, maana lango nalo limesonga siku moja. Maji yakimwagika hayazoleki, na kanuni hiyo inakuja bure, ndani ya kifaa chenyewe. Kama lango linafunguka Kairo miezi mitatu kabla ya Mansa Musa kufika, mhusika ana miezi mitatu: kujifunza lugha, kupata mlezi, kukaribia baraza. Mnong'ono utatokea mara moja. Akipigwa na homa siku hiyo, basi. Huo ni msuko uliojisuka wenyewe.

*Uhuru.* Mwili mzima, ila mahali pamoja. Na ukumbuke kwamba mlango hupitisha pande zote. Mtu wa 1324 anaweza kuja huku, akasimama sebuleni mwako akiitazama taa. Chombo humfanya mtu wa kale kuwa mandhari ya safari ya mwingine. Lango humpa miguu. Ndiyo sababu inayonifanya niipende njia hii kwa hadithi zinazojali haki, kwa kuwa swali la nani anamiliki lango, nani anatoza ushuru, nani anafukuzwa mpakani, halihitaji kulazimishwa.

*Utafiti.* Wa kina, lakini mwembamba. Mji mmoja, mwaka mmoja, mitaa michache. Badala ya kujua kidogo kuhusu karne kumi unajua sana kuhusu kona moja, na kwa mwandishi asiye na maktaba kubwa karibu yake hiyo ni rehema.

*Kitendawili.* Kipo kama cha chombo, ila hakisumbui sana kwa kuwa pa kuharibia ni pamoja tu. Historia isiyovunjika hukaa vizuri hapa: labda yule mwenye busara aliyenong'ona alikuwa ameelezwa la kusema na mtu aliyetoka upande wa pili.

*Sayansi.* Mwaka 1935 Einstein na Nathan Rosen walieleza kimahesabu daraja linalounganisha sehemu mbili za anga. Mwaka 1988 Michael Morris, Kip Thorne na Ulvi Yurtsever waliandika jinsi njia ya mkato ya namna hiyo, kama ingewezekana kuishikilia wazi, ingeweza kugeuka kuwa njia ya wakati. Kuishikilia kunadai maada yenye nishati hasi, na hakuna aliyewahi kuipata kwa kiwango cha kutosha. Kisha kuna sharti moja ambalo ningemshauri kila mwandishi wa lango alikumbatie: njia kama hiyo haiwezi kukupeleka nyuma ya siku ilipoundwa. Ili mhusika afike 1324, upande wa kule ulipaswa kuwepo tayari mwaka huo. Nani aliuweka? Swali hilo linaweza kubeba riwaya nzima.

*Linamfaa nani.* Mwenye wahusika wengi, mfululizo wa vitabu, au tamthilia ya jukwaani, ambako mlango mmoja wa mbao unatosha kuwa teknolojia yote.

Dirisha

*Uhuru.* Mikono haina kazi. Mhusika anaona tu. Waandishi wengi huiacha njia hii kwa kudhani haina tendo, na nadhani wanaionea. Tendo lipo huku, kwa mtazamaji: mama anayerudia dakika za mwisho za mwanawe, mpelelezi anayejua ukweli lakini hawezi kuuthibitisha bila kutaja alivyoupata, mwanahistoria anayegundua kwamba shujaa wa taifa lake alikimbia vita. Mambo haya hayamhitaji mtu avuke popote.

*Kizuizi.* Kioo. Na ndani ya kioo kuna vizuizi vidogo ambavyo ni vitamu zaidi. Chukua dirisha linalofanya kazi kwa nuru. Nuru iliyoondoka Kairo mwaka 1324 sasa iko umbali wa miaka 700 ya mwanga kutoka hapa. Kama kungekuwa na kioo kikubwa angani, umbali wa miaka 350 ya mwanga, nuru hiyo ingekuwa imekigonga na kuturudia katika miaka yetu hii. Tungeuona msafara: ngamia, vumbi, umati. Baraza tusingeliona, kwa sababu nuru haipenyi dari. Na mnong'ono tusingeusikia, kwa sababu sauti haisafiri katika ombwe. Mhusika ameletewa kila kitu isipokuwa kile alichokitaka. Hapo una hadithi.

Ukilipa dirisha lako masikio na uwezo wa kupenya kuta, kumbuka kwamba dakika moja iliyopita nayo ni historia. Kinachoiona ngome ya Sultani kinaiona na chumba cha jirani usiku wa jana. Kukwepa swali hilo ni vigumu, na bora usilikwepe.

*Utafiti.* Wa macho zaidi. Huhitaji kujua ladha ya maji ya kule, ila unahitaji kujua vitu vilionekanaje. Ukiongeza sauti, milango mipya inafunguka. Herufi za Meroe, ufalme wa kale katika Sudan ya leo, zinasomeka tangu mwanzoni mwa karne ya 20, lakini maana ya sehemu kubwa ya maneno yake bado imefichika. Mtaalamu akipewa saa moja tu ya kuwasikiliza watu wa Meroe wakinunua na kuuza, wakinyoosha vidole na kutaja vitu, angetoka na kamusi. Naiona sura yake nikiandika sentensi hii.

*Kitendawili.* Hakuna, upande wa jana. Kilichokuwa kimekuwa.

*Sayansi.* Hapa ndipo mahali imara kuliko pote. Kila anayetazama juu usiku anatazama historia. Nuru ya jua inatufikia baada ya dakika 8 hivi. Ile ya galaksi ya Andromeda iliondoka kama miaka milioni 2.5 iliyopita. Mwaka 1572 mwanaastronomia Tycho Brahe aliona nyota mpya iking'aa angani, mlipuko ambao baadaye ulififia, na mwaka 2008 wanasayansi waliikusanya nuru ya mlipuko uleule iliyokuwa imegonga mawingu ya vumbi na kufika kwetu kwa kuchelewa zaidi ya karne nne. Mwangwi wa nuru ni kitu halisi. Hata ardhini kuna ndugu wa dirisha hili: mwaka 2023 neno zima lilisomwa ndani ya hati ya Herculaneum, mji wa kale wa Kirumi, iliyounguzwa na volkano ya Vesuvius mwaka 79, bila hati hiyo kukunjuliwa. Lilikuwa neno la Kigiriki linalohusu rangi ya zambarau.

*Linamfaa nani.* Mwandishi wa hadithi fupi, wa upelelezi, wa maombolezo, na yeyote anayetaka sayansi yake isimame wima.

Kumbukumbu

Hapa mhusika hatoki kitini. Anafungua kumbukumbu ya mtu aliyekuwepo, na kwa muda anakuwa ndani yake.

*Uhuru.* Hana mamlaka juu ya mkono wala ulimi, lakini anapata kitu ambacho njia nyingine tatu haziwezi kukitoa: kuelewa kutoka ndani. Anasikia lugha kama mwenyewe. Anaogopa kinachoogopwa. Msafiri wa chombo huenda kwa watu wa kale kama mgeni, naye hubaki mgeni hata akikaa miaka.

*Kizuizi.* Inategemea kumbukumbu inapitia wapi. Wengi huchagua damu, na damu ina sheria kali ajabu. Kama mzazi anamrithisha mtoto kumbukumbu kwa mbegu, basi anamrithisha yale tu yaliyompata kabla ya mtoto kutungwa mimba. Mhusika hawezi kuuona uzee wa babu yake. Hawezi kukiona kifo chake. Kila ukoo ni mlolongo wa maisha ya ujana yaliyokatwa katikati, na mara nyingi yamekatwa kabla ya jambo lile unalolitafuta.

Sasa mpeleke Kairo. Ukihesabu miaka 25 kwa kizazi, kati ya leo na 1324 kuna vizazi 28, na nafasi za mababu katika kizazi hicho ni zaidi ya milioni 268. Si watu milioni 268 tofauti. Majina yaleyale yanajirudia kwa kuwa koo zinaoana. Ila mmoja wao angeweza kuwa mtu aliyesimama barazani. Ni nani kati yao? Akiwa mzao wa yule aliyenong'ona, mhusika atalijua neno na nia yake. Akiwa mzao wa Musa, atalisikia likiingia sikioni na kuona kiburi kikilegea. Akiwa mzao wa yule afisa wa Kairo, atasikia sauti isiyo na maana, kama afisa mwenyewe alivyoisikia, na atabaki nayo kinywani akizunguka kwa wajuzi wa lugha za Afrika Magharibi, akiitamka na kuuliza. Katika safari zote nne, hii ya mwisho ndiyo ningependa kuiandika.

*Utafiti.* Vitu vichache, fikra nyingi. Unapaswa kujua mtu yule aliamini nini kuhusu ndoto, deni, heshima, wafu. Ni kazi ngumu kwa namna nyingine, kwani mavazi yanapatikana katika picha lakini aibu ya karne ya 14 haijachorwa.

*Kitendawili.* Jana haiguswi. Kinachotikisika ni nafsi: mhusika akirudi, kilio anachokilia ni cha nani?

*Sayansi.* Dhaifu, na ni vema kukiri. DNA haiandiki kumbukumbu za maisha ya mtu. Tena kila kizazi hurithisha nusu, kwa hiyo wengi wa mababu wa mbali kiasi hicho hawakukuachia kipande chochote cha DNA yao. Ukitaka njia hii, waweza kubuni kifaa kilichotunza kumbukumbu nje ya mwili. Saikolojia, hata hivyo, inakupa zawadi: tangu kazi ya Frederic Bartlett ya mwaka 1932 inajulikana kwamba kukumbuka ni kujenga upya, wala si kufungua sanduku. Kumbukumbu ya babu inaweza kuwa ya kweli kwa babu na bado isiwe ilivyotokea.

*Inamfaa nani.* Mwenye hadithi ya familia, ya utumwa, ya jina lililopotea. Usimulizi wa nafsi ya kwanza hung'aa hapa, na mchezo wa redio pia.

Zinapokaribiana

Kati ya chombo na lango, jiulize unahitaji karne ngapi. Kama ni moja, chukua lango hata kama chombo kinakuvutia. Litakuokoa na mashimo ya msuko ambayo chombo huyachimba. Kama mhusika lazima apite zama tatu au nne, lango halikufai, isipokuwa ukijenga malango kadhaa, na hapo unaanza kuandika kuhusu ramani zaidi ya watu.

Dirisha na kumbukumbu huchanganywa mara kwa mara kwa kuwa zote mbili hazigusi. Tofauti yake ni kubwa. Dirisha humpa mhusika uhakika bila ukaribu: anajua kilichotokea, hajui kilihisiwaje. Kumbukumbu humpa ukaribu bila uhakika. Kama hadithi yako inaishia katika hukumu, nani aliua, nani alisema uongo, dirisha litabeba uzito huo. Kama inaishia katika msamaha, sioni dirisha likifika.

Kuhusu kuchanganya mbili katika hadithi moja: inawezekana, mradi ya pili iingie kwa sababu ya kile ambacho ya kwanza ilikinyima. Mtazamaji aliyeuona msafara kwa dirisha la nuru na kukosa mnong'ono ana sababu ya kulitafuta lango.

Kulingana na hali yako

Una maneno elfu tatu tu na tarehe ya mwisho iko karibu: dirisha. Kifaa kinaelezeka kwa aya moja na mzigo wote unabaki kwa mtu mmoja.

Unawaandikia vijana wanaotaka mbio na hatari: chombo, chenye sheria moja inayojulikana kufikia ukurasa wa tano.

Zama unazozipenda zina vitabu vichache na huwezi kusafiri kwenda kwenye hifadhi za nyaraka: lango lenye mtaa mmoja, au kumbukumbu ya mtu ambaye hakutoka kijijini kwake, kwa hiyo kutojua kwako kunafunikwa na kutojua kwake.

Wasomaji wako ni wapenda fizikia wanaokagua kila hesabu: dirisha la nuru kwanza, lango la mwaka 1988 likifuata. Kumbukumbu ya damu wataikataa, na watakuwa na haki.

Unaandika kuhusu maumivu ambayo jamii yako bado inayabeba: fikiria sana kabla ya kuchukua chombo. Uhuru wake wa kubadili mambo unaweza kumfanya mhusika mmoja awe mkombozi wa watu ambao kihistoria walipigana wenyewe. Kumbukumbu huwarudishia sauti yao, na lango huwaruhusu waje kuisema.

Na kama umeshaandika nusu ya kitabu kwa kifaa kisicho sahihi, usiitupe kazi. Chukua sura ambayo mhusika anaponea kirahisi mno, ondoa uwezo mmoja tu wa kifaa, kisha uiandike sura hiyo upya kuanzia pale anapobonyeza kitufe na hakuna kinachotokea.